Barua ya wazi: Mwani nao ujulikane bei kabla haujafungwa kambani

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Uchumi wa Buluu na Uvuvi, Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar;
Kwa Waheshimiwa Wajumbe wa Baraza la Wawakilishi;
Nakala kwa kila anayenunua mwani Unguja na Pemba.

Assalaam alaykum.

Waheshimiwa, mchumaji wa karafuu akiparamia mti kule Pemba, bei ya kilo anaijua kabla hajafika kileleni. Serikali imeshaitangaza, mnunuzi ni ZSTC, shirika la biashara la Serikali, na kwa zaidi ya miaka kumi sasa kauli yenu ni kwamba mkulima wa karafuu apate asilimia 80 ya bei ya soko la dunia. Mwanamke wa mwani anaingia baharini, anafunga mbegu, anangoja wiki sita, anavuna, anabeba, anaanika, anapakia kwenye mapolo, ndipo anaambiwa kilo inakwenda shilingi ngapi. Akiuliza mbona imeshuka, anajibiwa: "Soko la dunia, mama." Kwani karafuu inauzwa dunia gani?

Naandika nikiwa mkulima wa mwani wa ukanda wa mashariki wa Unguja, na mama yangu alikuwa mkulima wa mwani kabla yangu. Jina langu silitaji kwa sababu moja tu: bamvua lijalo, maji yakipwa sana tena, nataraji kuuza, na mnunuzi kijijini kwetu ni mmoja.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Serikali hii imeunda wizara nzima kwa ajili ya bahari, na boti zimegawiwa kwa wavuvi na wakulima wa mwani. Hayo tumeyaona. Picha yetu pia tumeiona, kwenye mabango na vipeperushi vya kila kongamano la Uchumi wa Buluu: mwanamke kavaa kanga, maji ya magotini, kashika fungu la mwani, anacheka. Sina ugomvi na picha. Ila ningependa yule anayecheka awe anajua atauza kwa bei gani.

Kilimo hiki cha biashara kilianza hapa kwetu mwaka 1989, Paje na Jambiani, kwa mbegu iliyotoka Ufilipino. Kabla ya hapo Profesa Keto Mshigeni wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alishatumia miaka mingi akitafiti na kueleza kwamba majani yale ya baharini ni mali. Wazee wetu wa kiume wengine walinuna. Mwanamke atoke asubuhi, ashinde pwani, arudi na fedha zake mkononi, hilo lilikuwa jambo geni. Lakini fedha ile iliezeka nyumba mabati pahala palipokuwa na makuti, ikanunua sare za skuli na madaftari, na kelele zikapungua. Wanaume nao walijaribu kulima. Bei ilipolegea wengi wao wakarudi kwenye uvuvi au wakaenda mahotelini, wanawake wakabaki. Ndiyo maana leo, kati ya watu zaidi ya elfu ishirini wanaolima mwani visiwani, wanane katika kila kumi ni wanawake. Tusijidanganye kwamba tulibaki kwa kuupenda sana. Tulibaki kwa sababu kazi ya mwani inakubaliana na mtoto mgongoni, na kwa sababu mlango mwingine haukuwa wazi.

Mume kwa dini yetu ndiye mwenye wajibu wa kulisha nyumba, na fedha ya mke ni ya mke. Hivyo ndivyo tulivyofundishwa na hivyo ndivyo tunavyoamini. Nendeni dukani kwa Mpemba yeyote wa kijijini, fungueni daftari la madeni, mtazame majina ya nani yameandikwa kwenye unga, sukari na mafuta ya taa.

Sasa tuje kwenye hesabu, kwa sababu viongozi wetu wanapenda tarakimu. Mwani mbichi kilo saba mpaka nane ukikauka unabaki kilo moja. Tufanye bei ni shilingi 700 kwa kilo, bei ambayo wengi wetu tunaijua, maana spinosum, aina ya mwani tunayoilima zaidi, kwa miaka mingi imekuwa ikichezea mamia tu ya shilingi. Polo la kilo 50 linampa mwanamke shilingi 35,000. Kulijaza polo hilo ametoa baharini si chini ya kilo 350 za mwani unaochuruzika maji, kwa kichwa, kwa mgongo, au kwa kuburuza kwenye dau la kuazima. Hapo sijahesabu kufunga mbegu moja moja kwenye kamba, kazi inayofanywa umekaa chini barazani au umeinama majini. Sijahesabu tasi, samaki huyu mtamu sana kwenye sahani, ambaye akipita shambani na wenzake wanakula mwani mpaka kamba zinabaki tupu. Wala sijahesabu mvua inayokuja mwani umeanikwa.

Bahari haitupi kazi kila siku. Tunafanya kazi kwa bamvua, maji yanapopwa sana. Saa tatu au saa nne asubuhi tunashuka, na ikifika saa saba maji yanatufukuza. Yakija maji mafu, yasiyopwa vya kutosha, tunakaa. Kwa hiyo mtu anayesema "hawa mama wanafanya kazi nusu siku, tena si kila siku" ana haki kwa kalenda yake. Aje ashinde muda wa saa nne kainama, jua linampiga mgongoni na mwanga wa maji unampiga machoni, chumvi inamla vidole, na hajui mguu wake utakanyaga mwiba wa samaki taa au la. Macho ya wakulima wa mwani wa siku nyingi mnayaona wenyewe yalivyo mekundu. Migongo hamuioni.

Niwaeleze mzani, maana hapa ndipo fedha inapopotelea. Siku ya kununua, mtu wa kampuni anakuja na gari na mzani wa kuning'iniza. Tumepanga foleni na mapolo yetu. Anafungua polo, anaingiza mkono mpaka kwenye kiwiko, anachota konzi ya mwani, anaukamua. Anautazama mkono wake. "Huu haujakauka vizuri. Natoa kilo nne." Polo la pili: "Huu una mchanga. Natoa tatu." Wala hana kifaa chochote cha kupimia unyevu zaidi ya kiganja chake, na kiganja hicho hakikatiwi rufaa. Mara moja bibi mmoja aliye mbele yangu alimwambia, "Mwanangu, mwani huu nimeuanika siku tatu za jua kali, hata wewe ukiuvunja unavunjika." Kijana akacheka kwa adabu, akatoa zile kilo nne. Risiti haikuandikwa. Yule bibi alipokea fedha zake, akazihesabu mara mbili, akazifunga kwenye pindo la kanga.

Sisemi kwamba hakuna mwani mbichi unaouzwa kwa hila, au mchanga unaoongezwa uzito. Upo, na aliyeuleta anajulikana. Ila mtu akishajua kwamba atakatwa kilo nne, awe kakausha au hajakausha, ana sababu gani ya kukausha? Wanunuzi wanalalamika kwamba mwani wa Zanzibar haufiki na ubora, na wao ndio wanaotufundisha kwa mzani wao kwamba ubora haulipi.

Na kwa nini tusimuuzie mwingine? Hili linaulizwa na kila mgeni. Kwa sababu kamba ni zake. Utaratibu tuliourithi ni huu: kampuni inakupa kamba na vifaa vya kufungia, nawe mwani wako unamuuzia aliyekupa. Haukuwa utaratibu wa dhuluma ulipoanza, maana nani kati yetu mwaka ule angenunua kamba? Lakini leo umekuwa ngwe isiyokwisha. Kamba inachakaa, unapewa nyingine, na bei anaitaja yeye. Mwenye kamba zake mwenyewe anaweza kungoja wiki mbili bei ipande. Mwenye kamba za mtu hawezi.

Miaka ya karibuni bahari nayo imebadilika. Tulikuwa na cottonii, mwani mnene ambao bei yake ni mara mbili ya spinosum au zaidi. Kuanzia miaka ya mwanzo ya 2000 cottonii ikaanza kufa, maji ya ufukweni yakipata joto kupita linavyostahimili jani hilo. Linageuka jeupe, linalegea, linakatika vipande, unashika kamba unabaki na ute. Unguja huku imekwisha kabisa katika vijiji vingi. Pemba bado ipo pahala pahala. Tukabaki na spinosum, yenye kustahimili kidogo na yenye bei ya chini. Watu wetu wa utafiti, akiwemo Dokta Flower Msuya ambaye wakulima wengi wanamjua kwa sura, wamesema kwa miaka mingi kwamba dawa ni kwenda kwenye kina, maji yaliko baridi. Ni kweli. Lakini kina kinataka chombo, na kinataka mtu anayejua kuogelea. Mimi nimezaliwa hatua chache kutoka maji na kuogelea nimejifunza nikiwa mtu mzima, na wako wenzangu wengi ambao hawajajifunza mpaka leo, kwa sababu mtoto wa kike kuogelea haikuwa heshima. Boti mlizotoa ni jambo jema. Kila boti inayokwenda kwa kikundi cha wanawake iende na mwalimu wa kike wa kuogelea na maboya ya kuvaa. Vinginevyo mtaona boti hizo zinaendeshwa na wanaume, na wanawake wanalipia usafiri wa kwenda shambani kwao.

Halafu kuna wimbo wa "ongezeni thamani". Waheshimiwa, naomba nizungumze wazi. Tumehudhuria mafunzo. Tumetengeneza sabuni ya mwani, mafuta ya mwani, keki, juisi na jemu ya mwani. Sabuni yetu ni nzuri, watalii wananunua, na wako wanawake ambao maisha yao yamebadilika kwa hiyo, nawapongeza. Lakini watalii wa Paje hawawezi kuoga sabuni ya wanawake elfu ishirini. Mwani wetu ulio mwingi unaondoka kwa kontena, mkavu kama ulivyo, kwenda kwenye viwanda vya ng'ambo vinavyotoa ute wake kwa ajili ya dawa ya meno, malai na vipodozi. Kila tunapouliza bei ya kontena hilo, tunajibiwa kwa semina ya sabuni. Kuongeza thamani kusigeuzwe njia ya kumwambia mtu kwamba umasikini wake unatokana na uvivu wa kutochemsha mwani. Na kiwanda cha mwani cha Chamanangwe, Pemba, kinachozungumzwa, kwetu sisi swali lake ni moja: kitanunua kwa bei gani, na nani ataipanga?

Kuhusu mahoteli sitasema mengi, maana biashara hiyo inalisha watoto wetu pia. Niseme hili tu. Hoteli ina hati ya ardhi yake. Shamba la mwani, hata kama mama yangu alililima tangu mimi nanyonya, halina karatasi yoyote. Mpaka wake unajulikana na majirani tu. Ndiyo maana msimu wa upepo wanapokuja vijana wanaoteleza juu ya maji kwa kuvutwa na tiara kubwa, na kamba za mashamba zikakatika, hakuna wa kumshitaki na hakuna cha kuonesha. Choreni ramani ya mashamba kijiji kwa kijiji, masheha, viongozi wa Serikali vijijini kwetu, wanayajua yote, na kila mwanamke apewe kipande cha karatasi chenye jina lake. Kazi hiyo haihitaji mfadhili.

Nirudi kwenye bei, kwa sababu kila kitu kinarudi huko. Mnatuhimiza tuchangie mpango wa hiari wa ZSSF, Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar. Mtu asiyejua mwezi ujao atapata elfu thelathini au elfu tisini aahidi kuchangia nini? Mnatuambia twendeni benki tukakope kwa ajili ya kamba zetu wenyewe. Afisa wa benki anauliza, "Mapato yenu kwa mwezi ni kiasi gani?" Tunatazamana. Pensheni Jamii, ambayo tangu 2016 imewapa wazee wetu heshima ambayo hawakuwahi kuipata na ambayo tunawashukuru kwa dhati, inaanza mtu akiwa na miaka 70. Mgongo wa mkulima wa mwani haufiki huko. Wengi wanaacha kwenda baharini wakiwa na hamsini na kitu, na miaka yote ya katikati wanaishi kwa huruma ya watoto.

Najua mtakavyojibiwa na wataalamu wenu, kwa hiyo niwajibu mapema. Watasema: tukitangaza bei ya chini kabisa, wanunuzi watahamia Indonesia na Ufilipino, na mwani wetu utaoza ufukweni. Hoja hiyo ina uzito, siipuuzi. Zanzibar si mzalishaji mkubwa wa kuitikisa dunia kwa mwani kama ilivyowahi kuitikisa kwa karafuu. Basi msianze na bei, anzeni na fungu la mkulima. Kila kontena linalotoka bandarini lina thamani iliyoandikwa kwenye karatasi za forodha. Tangazeni kila robo ya mwaka thamani hiyo kwa kilo, kwa spinosum na kwa cottonii, kisha muweke kwa kanuni asilimia ambayo mkulima hatakiwi kupata chini yake. Bei ya dunia ikishuka, tutashuka nayo, na tutajua kwa nini. Ikipanda, tutapanda. Mwenye karafuu alipewa utaratibu wa namna hiyo, akawa na sheria yake mwaka 2014, na anayeanguka mkarafuuni akawekewa utaratibu wa fidia. Hakuna aliyesema wakati ule kwamba wanunuzi wa karafuu wataikimbia Zanzibar. Sipendi kuamini kwamba tofauti ni kwamba mikarafuu ina wenyewe wanaume na mwani una wenyewe wanawake. Lakini mkinyamaza, nitaamini nini?

Pamoja na fungu hilo, mzani. Mizani yote ya kununulia mwani ikaguliwe na watu wa vipimo kabla ya kila msimu na ibandikwe alama, kipimo cha unyevu kiwe kifaa na si kiganja cha mtu, na kila anayeuza apewe risiti yenye uzito, makato na sababu ya makato. Risiti hiyo ndiyo itakayompeleka benki. Ndiyo itakayomuonesha mtu wa ZSSF kwamba huyu ana kazi. Na kamba: mkiweza kutoa mkopo wa kamba kwa vikundi bila sharti la kumuuzia mtu fulani, mtaona wenyewe jinsi wanunuzi watakavyoanza kuwa na adabu kwenye bei bila ya nyinyi kutoa amri.

Waheshimiwa Wawakilishi, bajeti ya wizara hii itasomwa mbele yenu. Wengi wenu majimbo yenu yana pwani, na pwani hizo zina mama zenu na shangazi zenu. Kabla hamjapitisha fungu la kongamano lijalo, mmoja wenu asimame aulize: mwaka uliopita kilo moja ya mwani mkavu iliondoka bandarini kwa thamani gani, na mwanamke aliyeilima alipata ngapi kati ya hiyo?

Jibu likipatikana, tunaomba liandikwe kwa Kiswahili, kwa shilingi, kwenye karatasi moja, na libandikwe kwenye mlango wa kila sheha kuanzia Nungwi mpaka Makunduchi na kuanzia Micheweni mpaka Mkoani. Bamvua lijalo tutapita hapo tukishuka pwani, na wasiojua kusoma tutawasomea.

Wenu katika ujenzi wa nchi,
Mkulima wa mwani, Unguja